Ukuta Hunywa Kwanza

Siku ya Ijumaa, katika shule moja ndogo nje ya mji wa Malakisi, mtoto hakuulizwa kama amekuja na kitabu. Aliulizwa kama amekuja na samadi. Wavulana walileta maji kwa madebe, wasichana wakaleta samadi mbichi ya ng'ombe juu ya majani ya mgomba, na baada ya chakula cha mchana madawati yalitolewa nje na sakafu za madarasa zikapakwa upya, ili Jumatatu vumbi lisiwapande watu puani. Huo ulikuwa mwaka wa 1981 na hakuna aliyeona ajabu.

Katika kazi hiyo hakukuwa na mtoto wa kumfikia Wilkista Nakhungu. Alikuwa na miaka kumi na mmoja, mwembamba, mkimya, lakini mkono wake ukipita sakafuni ulikuwa umepita. Mwalimu wake alizoea kusema mbele ya darasa zima kwamba sakafu ya Wilkista unaweza kuilia ugali bila sahani. Alikuwa akimsifu, masikini, asijue sifa za mwalimu hugeuka nini zikishafika uwanjani. Kabla ya muhula kwisha, watoto waliokaa nyumba za matofali walikuwa wameshampa jina. Samadi, njoo hapa. Samadi, usiguse daftari yangu. Jina hilo lilimganda mpaka akamaliza darasa la nane.

Mkono ule aliupata kwa mama yake. Nekesa alikuwa mkulima wa tumbaku kama majirani zake wote, lakini kilichomjulisha kwa watu ni kukandika nyumba. Kila mwaka wa kutahiri, ilipofika Julai na watu kuanza kutayarisha miji yao kwa wageni wa Agosti, walikuja kumwita kutoka vijiji vya mbali. Wengine walimlipa kuku, wengine gorogoro mbili za mahindi, wengine shukrani tu, na hao wa shukrani walikuwa wengi kuliko wangepaswa kuwa. Nekesa hakumkataa mtu.

Kazi yake ilikuwa na taratibu zake, na hakuziruka hata kwa haraka ya harusi. Udongo ulikuwa lazima utoke kwenye kichuguu. Ule mweusi wa karibu na mto hakuutaka, maana ukikauka unapasuka. Aliuchekecha, akautia samadi na majivu, akaulaza siku mbili. Kabla ya kupaka, alichovya kitita cha majani ndani ya maji akaunyunyizia ukuta mpaka ukabadilika rangi.

"Ukuta hunywa kwanza," alimwambia Wilkista. "Ukiupaka na kiu yake, utakunywa maji ya udongo wako, halafu utautema."

Baada ya mkono wa kwanza wa udongo, aliukwaruza ukuta kwa gunzi la mahindi ili mkono wa pili upate pa kushika. Kisha akangoja. Kujua kama wakati umefika, Nekesa aliweka shavu ukutani, akafumba macho, akakaa hivyo kidogo. Shavu likisikia ubaridi bado, aliondoka akaenda kufanya kazi nyingine. Watu walimcheka kwa hilo, na yeye alicheka nao, lakini kuta zake zilikaa miaka mitatu pale za wengine zilipokaa mmoja.

Siku ya kwanza alipompa Wilkista ukuta wake mwenyewe, alimpa ule wa nyuma ya mlango wa nyumba yao, mahali ambapo mgeni haangalii. Msichana alipaka kuanzia asubuhi mpaka ng'ombe waliporudi. Alipomaliza, alifurahi hata asijue la kufanya na furaha yenyewe, basi akabandika kiganja chake kizima kwenye udongo mbichi. Alipogeuka, mama yake alikuwa amesimama mlangoni akimtazama. Wilkista alidhani atagombezwa. Nekesa alisema tu kwamba uji uko tayari.

Mwaka wa 1987, Wilkista alikwenda Kitale. Shangazi yake alikuwa amemtafutia kazi ya nyumbani kwa familia ya mfanyakazi mmoja wa serikali, watu wazuri, nyumba yenye sakafu ya simiti nyekundu iliyong'arishwa kwa nta. Siku ya kwanza mama mwenye nyumba alimuuliza kwao ni nyumba ya namna gani, kwa sababu alitaka kujua kama anaweza kutunza sakafu kama ile. Lilikuwa swali la kazi, halikuwa na ubaya wowote. Lakini Wilkista alisikia mle ndani ya swali sauti za uwanja wa shule, na mdomo ukamtangulia. Akasema kwao ni nyumba ya matofali, Bungoma mjini, karibu na stesheni ya gari la moshi, na baba yake alifanya kazi relini. Baba yake alikuwa amekufa Wilkista akiwa na miaka sita, na maisha yake yote reli aliiona kwa mbali tu.

Uongo ukishapewa kiti haukai peke yake. Wilkista alipoacha kazi ile na kuolewa na Eliakim Walubengo, fundi wa baiskeli pale Matisi, kando ya mji wa Kitale, ile nyumba ya matofali ilihamia Matisi pamoja na masanduku yake. Eliakim aliujua ukweli, maana ng'ombe wa mahari alikuwa amewaswaga mwenyewe mpaka Malakisi na kulala katika nyumba ile ya udongo. Mara moja moja alimtania kwa kumuuliza kama garimoshi linapita saa ngapi leo. Lakini mbele ya watu alimhifadhi. Na Nekesa hakuwahi kualikwa Matisi. Wilkista alikwenda kwao kila Krismasi, peke yake, siku mbili, akarudi. Kila aliporudi alijichukia wiki nzima, kisha akasahau.

Basi, kufika mwaka wa 1995, Matisi ilikuwa imejaa watu. Vurugu za kikabila za miaka mitatu iliyopita zilikuwa zimewateremsha wengi kutoka mashamba ya mlimani, kila kabila, kila mtu na moto wake aliokimbia. Watoto walikuwa wengi na hakuna shule ya chekechea ya karibu. Akina mama wa kanisa walianzisha kikundi, wakachaguana, na mwenyekiti akawa Jerono, ambaye watu wote walimwita Mama Kimaiyo, mwanamke mrefu mwenye sauti ya kuita ng'ombe ng'ambo ya bonde. Yeye mwenyewe alikuwa amekimbia na watoto wanne na sufuria moja. Wilkista, ambaye hapo Matisi aliitwa Mama Naliaka kwa jina la binti yake, alifanywa mwandishi wa kikundi. Sababu waliitaja waziwazi: ametoka nyumba nzuri, anajua kukaribisha wageni.

Kanisa lilitoa kiwanja. Mawe hawakuyaweza, kwa hiyo walisimamisha miti, wakajaza udongo, wakapiga mabati juu, na mifuko ya simiti waliyochangiwa wakaiweka kwa ajili ya plasta. Fundi aliyekubali kazi hiyo kwa nusu ya malipo alikuwa Gichuki, jirani yao, mtu wa maneno machache aliyekuwa amejenga nyumba za mawe huko upande wa matajiri wa Kitale kwa miaka kumi na mbili. Alisema ataanza Jumatatu.

Jumamosi ile akina mama walikuja kufagia, maana Jumapili mchungaji angeleta wageni kuliombea jengo. Wakazitazama kuta. Zilikuwa zinaparuza, zina alama za vidole, majani yanatokeza. Waliona aibu. Mgeni gani ataonyeshwa ukuta kama huo? Tena huyo fundi akija Jumatatu atasema wanawake wa Matisi hawajui kazi. Wote walikuwa wamelelewa kwa kupaka nyumba, na mikono iliwawasha. Mmoja akatumwa kuleta samadi, mwingine maji, na kufikia saa nane walikuwa wanapaka huku wakiimba, nje na ndani, laini, laini kabisa, mpaka kuta zikang'aa.

Wilkista alikuwa amesimama na kitabu cha wageni kifuani. Alijua. Alijua jinsi mtu anavyojua chai haina sukari kabla ya kumeza. Samadi laini juu ya ukuta, kisha simiti juu ya samadi: simiti haitashika kitu. Itakaa pale kwa adabu mpaka mvua ya kwanza. Alifungua mdomo.

"Aah, wewe Mama Naliaka kaa tu na kitabu yako," Mama Kimaiyo alimwambia, akicheka, mikono ya kijani mpaka kwenye viwiko. "Hii ni kazi ya sisi watu wa udongo. Wewe si umelelewa kwa matofali, bana?"

Wote walicheka, na kicheko chao kilikuwa cha upendo. Wilkista naye alicheka. Akafunga mdomo, akakaa.

Jumatatu Gichuki alizikuta kuta laini akafurahi, maana ukuta laini haumalizi simiti. Alikuwa mtu wa mawe, na jiwe halina siri. Alizipiga plasta kwa wiki mbili, shule ikafunguliwa, na watoto arobaini na watatu wakaanza kuimba herufi, akiwemo Naliaka, binti ya Wilkista, mwenye miaka minne. Kila siku Wilkista alimpeleka, na kila siku macho yake yalikwenda ukutani kabla ya kwenda kwa mwalimu.

Plasta ilianguka Novemba. Kipande kikubwa kama mlango kilijibandua asubuhi moja ya mvua na kushukia benchi ambalo watoto walikuwa wameliacha dakika hiyohiyo kwenda kunywa uji. Hakuna aliyeumia. Kufikia mwisho wa wiki plasta ya ukuta mwingine ilikuwa imejikunja kama karatasi. Afisa mmoja wa elimu alikuja, akatazama juu, akatazama watoto, akasema shule ifungwe. Kama kuta zitakuwa zimetengenezwa na kushika kabla ya Januari, ataruhusu ifunguliwe. Kama sivyo, kibali kimekwisha.

Hapo ndipo maneno yalipoanza. Ilisemekana Gichuki aliweka mchanga mwingi simiti kidogo. Ilisemekana mifuko mingine aliiuza Kiminini. Mkewe aliposimama foleni ya maji, wenzake walitazama ndoo zao. Kisha mtu mmoja, hakuna aliyekiri ni nani, akasema ati hao watu ndiyo kawaida yao. Matisi nzima ilijua maneno ya aina hiyo. Waliyasikia mlimani kabla ya moto. Kikundi kikaitisha mkutano Jumapili baada ya ibada, fundi aje ajieleze.

Siku mbili kabla ya mkutano, Wilkista alikwenda shuleni peke yake. Aliokota kipande cha plasta akakigeuza. Nyuma yake kilikuwa laini, kina utando mwembamba wa kijani. Plasta yenyewe ilikuwa ngumu kama mfupa. Gichuki hakuiba hata konzi moja. Wilkista alisogea ukutani, na bila kujua anafanya nini, akaweka shavu.

"Unasikiliza nini, Mama Naliaka?"

Gichuki alikuwa mlangoni, amekuja kuchukua karai lake. Wilkista aliruka nyuma. Yule fundi aliinama, akaweka mwiko ndani ya karai.

"Miaka kumi na mbili," alisema. "Hakuna ukuta yangu imewahi kuanguka. Sasa watoto wangu wataitwa watoto wa mwizi, na mimi sijui hata ni kitu gani nimekosea."

Akaondoka. Wilkista alimtazama mpaka alipopotea kwenye kona ya duka. Watoto wake wataitwa jina. Wilkista alijua kuitwa jina ni kitu gani, alijua linavyokuamsha asubuhi na kukuvalisha sare, na sasa yeye ndiye aliyekuwa akimpa mwenzake. Alilia pale pale, juu ya benchi la watoto, kwa hasira zaidi kuliko huzuni, na hasira yote ilikuwa juu yake mwenyewe.

Jumapili kanisa lilibaki limejaa. Gichuki alisimama mbele na koti lake la pekee. Mama Kimaiyo alikuwa hata hajamaliza kumuuliza swali la kwanza wakati Wilkista alipoinuka na kitabu chake cha mwandishi mkononi.

Alisema kosa si la fundi. Akaeleza kuhusu samadi, polepole: kwamba simiti ilishika samadi, na samadi ilikuwa haijashika kitu. Alitoa kile kipande alichookota, akakipitisha kwenye viti ili kila mtu apitishe kidole kwenye ule utando wa kijani.

Mama Kimaiyo alikigeuza mara mbili. Akamuuliza yeye mtu wa nyumba ya matofali aliyajulia wapi mambo haya.

"Sikulelewa kwa matofali," Wilkista alisema. "Hiyo nyumba ya stesheni haiko. Kwetu ni Malakisi, nyumba ya udongo, na mama yangu ndiye hukandikia watu. Siku ile mlikuwa mnapaka, nilijua. Nikanyamaza, kwa sababu ningesema mngejua nilikotoka."

Alikuwa amejiandaa kwa kicheko. Hakikuja. Mama Kimaiyo alimrudishia kile kipande.

"Ulidhani sisi tumetoka wapi?" aliuliza. "Nyumba ya udongo si kitu, Mama Naliaka. Mimi hata hiyo ya udongo sina. Lakini ulituangalia tukipaka. Ulituangalia, ukaandika majina ya wageni."

Hilo lilimwingia Wilkista kuliko Samadi zote za utotoni. Kuna aliyesema aondolewe uandishi, na kuna aliyesema aondolewe kikundini kabisa. Wilkista hakujitetea. Alisema tu kwamba ukuta unaweza kuponywa, kwamba kuna mtu anayejua namna, na kwamba Januari ilikuwa imebakiza wiki sita.

Macho yote yakamgeukia Gichuki, maana yeye ndiye aliyedhulumiwa zaidi, na ilionekana haki kwamba neno liwe lake. Gichuki alikuna kidevu. Hakumtazama Wilkista.

"Mimi niko na mwiko," alisema. "Huyo mama aje. Anionyeshe."

Eliakim alikwenda Malakisi na kurudi kesho yake na Nekesa. Mama alikuwa amezeeka kidogo, kitambaa cheupe kichwani, na mzigo wake ulikuwa gunia: nusu udongo wa kichuguu, nusu magunzi ya mahindi. Hakuamini kwamba Kitale kungekuwa na magunzi mazuri, mji ambao mahindi yake hulisha nchi nzima. Hakuuliza kwa nini hajawahi kuitwa siku zote hizo. Alimbeba Naliaka mgongoni, mtoto akamwita kukhu, yaani bibi, kana kwamba amemwita hivyo tangu azaliwe, na wakaenda kuutazama ukuta.

Alipofika aliweka shavu. Akina mama waliokuwa wamesimama wakatazamana. Kisha Nekesa akageuka akasema samadi yote itoke pamoja na plasta iliyobaki, mpaka kwenye udongo wenyewe, na wao walioipaka wakaikwangua kwa majembe siku nne bila kuimba. Baada ya hapo ikaja zamu ya maji. Gichuki alitaka kuanza siku hiyohiyo. Nekesa akamshika mkono.

"Fundi, ngojea. Hii ukuta hunywa kwanza. Ikiwa na kiu, itakunywa maji yako."

Gichuki alifikiri. Akamwambia kwamba simiti nayo ni hivyo hivyo: usipoinywesha siku saba, inakufa ikiwa inaonekana hai. Nekesa alimtazama kwa mara ya kwanza kama mtu wa maana. Kuanzia hapo wale wawili walifanya kazi kama watu waliosoma shule moja. Mama alipaka udongo wa kichuguu uliochanganywa na majani makavu, akaukwaruza kwa magunzi mpaka ukuta ukawa na makovu kila mahali. Shavu lake liliposema tayari, Gichuki alirusha simiti nyembamba, kisha wakatundika magunia mabichi juu yake, na zamu ya kuyanywesha magunia ikawa ya kila mtu. Wilkista alifanya kazi katikati yao. Alimwambia fundi maneno ya mama na kumwambia mama maneno ya fundi, na kabla ya wiki ya pili kwisha alikuwa ameushika mwiko kwa mkono wa kulia na gunzi kwa mkono wa kushoto.

Ilitokea mwanamke mmoja, bila nia mbaya, akamtania Nekesa kwamba basi huyu ndiye mwenye ile nyumba ya matofali karibu na stesheni. Nekesa hakuelewa. Alielezwa. Wilkista alikuwa juu ya ngazi akasikia kila neno, na alitamani ngazi ivunjike.

Nekesa aliendelea kuchekecha udongo. "Hiyo nyumba sijaiona," alisema, "lakini nafikiri ilikuwa nzuri." Akina mama wakacheka, naye akacheka nao, na maneno yakaisha hapo mbele ya watu.

Jioni walipokuwa wawili wakinawa mikono, Wilkista alimwomba msamaha. Mama yake alisugua kila kidole kwa zamu.

"Uliionea nyumba aibu?"

"Hapana, mayi. Niliona aibu ya mikono. Shuleni waliniita Samadi."

Jina hilo Nekesa hakuwahi kulisikia. Mtoto alikuwa amelibeba peke yake miaka yote. Alimshika viganja vyote viwili, akavigeuza juu, vikiwa na simiti kwenye mikunjo.

"Baba yako alipokufa sikuwa na kitu cha kukupa," alisema. "Nikakupa hii kazi. Sikujua inakuumiza."

Wilkista alimkumbatia mama yake pale kwenye beseni mpaka maji yakapoa.

Januari afisa alirudi. Alizigonga kuta kwa kifundo cha kidole, moja baada ya nyingine, akatia sahihi. Lakini Wilkista na Gichuki walijua kwamba sahihi ya kweli ingetoka Aprili. Ilipokuja mvua ndefu, ile ya Kitale inayopiga mabati hata watu wasisikizane, wote wawili walijikuta shuleni wakiwa wamelowa chapachapa, kila mmoja amekuja kivyake. Watoto walikuwa ndani wakipiga kelele kuishinda mvua. Wilkista aliweka shavu kwenye ukuta wa mlangoni, kisha wa dirishani, kisha wa nyuma. Gichuki alingoja bila kumwuliza.

"Kavu," Wilkista alisema.

Gichuki alivua kofia, akakamua maji, akaivaa tena. Mama Kimaiyo alipopata habari, alimletea Wilkista kitabu cha mwandishi, ambacho tangu Novemba kilikuwa kimekaa kabatini kwake, akakiweka mezani bila hotuba. Jumapili iliyofuata alikwenda kuketi kanisani kando ya mke wa fundi, na wengine wakaona mahali pa kuketi.

Baada ya hapo kazi ziliwafuata. Kitale ilikuwa na nyumba za udongo nyingi kuliko za mawe, na kila mwenye nyumba ya udongo alitamani plasta isiyoanguka. Walifanya kazi Matisi, wakafanya Kiminini, wakaitwa mpaka Bungoma mjini. Watu walipomuuliza Wilkista alisomea wapi, alisema kwao, nyumba ya udongo, Malakisi. Mara za kwanza alilisema jina hilo chini chini. Baadaye alilisema jinsi mtu anavyotaja chuo.

Mwaka wa 1997, mwezi wa pili, kabla ya mvua, alimchukua Gichuki na mifuko ya simiti wakaenda Malakisi kumpigia mama yake plasta. Nekesa alikubali kwa shingo upande. Walifanya nje siku tatu, kisha wakaingia ndani. Ukuta baada ya ukuta, Gichuki alikwangua na Wilkista akanywesha. Walipofika ule wa nyuma ya mlango, Gichuki alifunga mlango ili apate nafasi, akainua jembe, kisha akalishusha.

"Mama Naliaka, hebu njoo uone hii."

Kwenye ukuta, chini kidogo ya kiuno cha mtu mzima, palikuwa na kiganja cha mtoto. Udongo uliokizunguka ulikuwa umepanda unene wa vidole viwili, tabaka juu ya tabaka, mwaka juu ya mwaka, na kila tabaka liliishia hapo hapo, kwenye ukingo wa kile kiganja, likakizunguka kwa uangalifu bila kukigusa. Krismasi zote zile Wilkista aliingia na kutoka mlango ukiwa wazi, ukiwa umekifunika.

Alipiga magoti. Akaweka mkono wake wa sasa juu yake, mkono mpana wenye nyufa za simiti, ukakifunika chote ukabaki. Nje, mama yake alikuwa akiwaita waje wanywe uji kabla haujapoa.

Wilkista alichukua mwiko, akakwaruza alama ya mraba kuzunguka kiganja kile.

"Hapa tunaacha," alimwambia Gichuki, na wakaenda kunywa uji.